Gunia Lavishwa Sweta

Pale Chuo cha Welbourne, kusini mwa Ohio, Marekani, kikosi cha pili hakikuitwa kikosi cha pili. Wachezaji wake waliitwa Magunia. Na kama unadhani huo ulikuwa utani tu wa vijana, ungekwenda kuwaona Jumanne alasiri, tope limewajaa masikioni, wamepangwa mstari mmoja ili kikosi cha kwanza kiwarukie mmoja mmoja na kujifunza namna nzuri ya kumwangusha mtu. Mpira wa kule hauchezwi kwa chenga za miguu. Mtu anaukumbatia kifuani na kukimbia nao, na watu kumi na mmoja wa upande wa pili wanakuja kumng'oa shingo. Mpira unatolewa, watu wanagongana, mbebaji anakwenda chini, filimbi inalia, wanajipanga upya. Huo ni mkupuo mmoja. Mwaka ule wa 1905 wengi walicheza vichwa wazi, na aliyejifunga ngozi kulinda masikio alichekwa mpaka akaivua.

Gwilym Prosser alikuwa Gunia kwa msimu wa nne na wa mwisho. Alizaliwa katika kijiji cha Wawelshi, wahamiaji kutoka Wales, wachimba makaa ya mawe. Baba yake mchimbaji, kaka zake wachimbaji, na mabega aliyokuwa nayo aliyapata kwa kusukuma vigari vya makaa kabla hajaota ndevu. Hakuwa mchezaji mbovu hata kidogo. Mazoezini alimwangusha nahodha Lowell Bracken mara nyingi kiasi kwamba Bracken alianza kumkanyaga vidole kwa makusudi. Lakini nahodha ndiye aliyepanga kikosi cha kwanza, na nahodha alichaguliwa na wenye sweta, na wenye sweta walikuwa watoto wa watu waliowahi kuvaa sweta. Gwilym angeweza kuzuia treni kwa kifua na bado angebaki Gunia.

Sweta yenyewe ilikuwa nyeusi, nzito, na kifuani ilishonwa herufi W nyeupe ya jina la chuo. Haikupatikana kwa mazoezi. Haikupatikana kwa kuvunjwa pua, maana Gwilym alishavunjwa. Ilipatikana kwa jambo moja tu: kucheza mechi ya mwisho, ile ya Siku ya Shukrani, sikukuu ya mwisho wa Novemba, dhidi ya Chuo cha Tarrant, hata kama ni mkupuo mmoja. Ndiyo maana kila mwaka, mechi ikishaamuliwa, nahodha aliwaingiza Magunia wa mwaka wa mwisho mmoja baada ya mwingine, wakagongana mara moja, wakatoka na haki ya sweta. Hiyo ndiyo ilikuwa asante ya chuo kwa miaka minne ya kupigwa.

Na kwa Gwilym sweta haikuwa pambo. Shule ya sekondari ya mji wa Corwin ilitafuta mwalimu wa hesabu atakayewafundisha wavulana mpira pia, na wenyewe walisema waziwazi kwamba wanamtaka mtu mwenye sweta. Bila sweta, hesabu zake angewafundisha panya wa mgodini.

Msimu ulianza vizuri, kwa wale waliokuwa na msimu. Kikosi cha kwanza kilikula meza ya peke yake, nyama ya ng'ombe asubuhi na jioni, kwa sababu kocha aliamini nyama huongeza ukali. Magunia walikula kabichi na viazi kwenye nyumba za kupanga. Kikosi cha kwanza kilisafiri kwa treni. Magunia walibaki nyuma kusawazisha uwanja kwa reki. Wale wa kikosi cha kwanza walishinda mechi ya kwanza na ya pili, wakatoka sare na chuo kimoja cha walimu kwenye mvua, kisha mwezi wa Oktoba wakaenda Cleveland wakapigwa vibaya, wakarudi na hasira zao zote kwenye mabegi. Na hasira hizo wakazimalizie kwa nani? Kwa Magunia, Jumatatu alasiri.

Siku hiyo Otto Kessel, rafiki wa Gwilym, mtoto wa muuza nyama wa Kijerumani kutoka Cincinnati, alipoteza meno ya mbele.

"Hebu nione," alisema Gwilym.

Otto akafungua mdomo.

"Mungu wangu. Nenda kwa daktari wa timu."

"Daktari wa timu ni wa timu, bwana." Otto akatema damu. "Sisi si timu. Sisi ni vifaa."

"Usiseme hivyo."

"Niseme vipi? Umeshaona mtu anampeleka gunia kwa daktari?" Akacheka, kisha akashika shavu kwa maumivu. "Afadhali lakini. Kabichi ya mama mwenye nyumba haihitaji meno."

Gwilym hakucheka. Alimtazama Bracken aliyekuwa upande wa pili wa uwanja akijipangusa kiwiko kwa taulo, kiwiko kilekile kilichoyang'oa meno hayo, huku anapiga mluzi. Bracken alikuwa kijana mzuri wa sura, mrefu, mwenye adabu kanisani. Wazazi walimpenda. Ungempa binti yako amsindikize nyumbani bila wasiwasi wowote.

Huyo huyo, katikati ya Novemba, alimkuta Gwilym chumba cha kubadilishia nguo akamshika bega.

"Prosser, mzee wangu, usiwe na wasiwasi. Siku ya Shukrani utaingia. Umetufaa sana miaka yote hii. Bila nyinyi sisi tungekuwa wapi?"

"Unaahidi?"

"Nakupa neno langu."

Gwilym alijua anavikwa kilemba cha ukoka. Mtu anajua, na bado anakishika kisianguke. Usiku huo aliwaza namna atakavyoingia darasani Corwin, sweta kifuani, chaki mkononi, wavulana wakinyamaza wenyewe.

Siku ya Shukrani ikaja na baridi na tope jembamba. Watu walijaa pande zote, wanawake na mafuta ya kujipaka na manyoya shingoni, wazee wenye sweta zao za zamani zilizokuwa zimewabana matumbo. Mechi haikuamuliwa mapema kama kila mtu alivyotarajia. Welbourne walikuwa na pointi sita, Tarrant tano, na mwisho ulikuwa unakaribia. Gwilym alikaa kwenye benchi la akiba na blanketi lake, akihesabu matumaini yake yanavyopungua, maana nahodha hawezi kugawa sweta kwa huruma wakati mechi iko kooni.

Tena Tarrant ndio waliokuwa wanakuja. Walikuwa na kijana mmoja, Hollis Strand, mtoto wa mkulima, mfupi, mnene wa mapaja, aliyekuwa anabeba mpira na kupita katikati ya watu kana kwamba amepakwa sabuni. Goti lake la kushoto lilikuwa limefungwa bandeji, na bado hawakumpata. Kila mkupuo walisogea hatua chache kuelekea mstari wa Welbourne. Mashabiki wa Welbourne walikuwa wameacha kuimba.

Sheria za wakati ule zilimkataza kocha kuwasemesha wachezaji walio uwanjani. Akipiga kelele, timu yake inaadhibiwa. Neno la kocha liliingia uwanjani kwa njia moja tu, kupitia mchezaji wa akiba, na aliyetoka kumpisha hakurudi tena. Kwa hiyo kocha Haskett aliposimama na kutembea polepole nyuma ya benchi, wote walijua anatafuta wa kumtuma.

"Prosser. Vua blanketi."

Gwilym aliinuka haraka hadi blanketi likaanguka topeni.

"Unamwona yule Strand?"

"Namwona, Mwalimu."

"Goti lake la kushoto halijapona tangu wiki iliyopita." Haskett aliongea huku akitazama uwanjani, mikono mfukoni, kama mtu anayezungumzia hali ya hewa. "Nani kakuambia? Hakuna aliyekuambia."

Gwilym aliitazama ile bandeji.

"Mkupuo mmoja tu. Umkaribishe vizuri. Refa akikutoa, toka kwa adabu, sweta yako iko palepale. Na watu wa Corwin nitawaambia mimi mwenyewe."

"Kwa nini mimi, Mwalimu?"

Haskett alimgeukia, akashangaa kweli kwamba swali kama hilo linaulizwa. "Nikimtuma Wheeler, refa akamtoa Wheeler, nibaki na nani? Wewe ukitolewa hatupotezi kitu."

Ndivyo alivyosema. Hakusema kwa ubaya. Alisema kama mtu anayepanga mizigo kwenye gari na kuchagua upi ukae nje mvua ikija. Damu ilimpanda Gwilym kichwani mpaka masikio yakavuma. Miaka minne ya kukanyagwa vidole, pua iliyopinda, meno ya Otto, na jumla ya yote hayo ni kwamba alikuwa amefaa kwa kazi moja, kuvunja mguu wa mtu, kwa sababu yeye mwenyewe hakuwa na bei.

Angeweza kukataa na kuketi. Lakini tusimfanye malaika. Aliitaka sweta ile. Aliitaka kama anavyoitaka hewa mtu aliye chini ya mgodi. Akajiambia: nitaingia, nitamwangusha kihalali, kwa bega, mbele ya macho ya watu wote, na sweta itakuwa yangu kwa haki, na Haskett akajinyonge kwa kamba ya filimbi yake. Akapiga moyo konde, akakimbia uwanjani na kumtajia refa jina lake.

Bracken alimsogelea, ndevu zina tope.

"Umeambiwa kazi yako?"

"Kazi yangu ni kumwangusha."

"Basi mwangushe asiinuke."

"Nitamwangusha. Kuinuka ni juu yake."

Bracken alimtazama kwa jicho la pembeni, kisha akacheka kidogo puani. "Gunia limepata mdomo," alisema, akarudi mahali pake.

Wakajipanga. Mpira ukatolewa. Gwilym aliona mstari wa Tarrant ukifunguka na Strand akitokea, kichwa chini, mpira kifuani, anakuja upande wake. Hakungoja. Aliingia chini ya mbavu zake kwa bega, akamzungushia mikono kiunoni, akamnyanyua na kwenda naye chini kwenye tope. Ulikuwa mwangusho mzuri kuliko wote aliowahi kuufanya maishani. Filimbi ikalia. Walikuwa wamelala uso kwa uso, wanahema, na Strand akasema, "Duh! Hapo umenipata, bwana."

Gwilym alianza kutabasamu. Alikuwa bado hajaiachia mikono.

Ndipo uzito ulipowashukia. Bracken alikuja baada ya filimbi, mbio, akaruka na kutua kwa magoti mawili juu ya mguu wa kushoto wa Strand. Gwilym aliusikia mlio ule, kama kuni kavu inayovunjwa kwa goti. Strand hakupiga kelele mara moja. Alifungua mdomo kwanza, kelele ikaja baadaye.

Refa alikuwa upande wa pili wa lundo la watu. Alipofika, Bracken alikuwa ameshasimama, mikono juu, macho safi kabisa. Aliyekuwa chini, amemkumbatia majeruhi, alikuwa Gwilym Prosser.

"Nani huyu?" aliuliza refa.

Bracken alimtazama tu Gwilym kwa masikitiko, kama mtu anayemtazama ndugu aliyeteleza.

"Si mimi!" alisema Gwilym. "Filimbi ilishalia, mimi nilikuwa nimemshika tu, muulizeni mwenyewe!"

Lakini mwenyewe alikuwa anang'ata ngumi yake. Walimwinua juu ya mlango uliong'olewa kwenye banda la farasi, na walipompitisha mbele ya Gwilym aligeuza kichwa akamtemea mate. Refa akanyoosha mkono kuelekea nje.

Gwilym alitoka. Na huku anatoka, akasikia kitu ambacho hajawahi kukisikia kwa miaka minne: uwanja mzima unaimba jina lake. Prosser! Prosser! Wazee wenye matumbo, mabinti wenye manyoya, wote. Haskett alimwekea blanketi mabegani kwa mikono yake mwenyewe. Welbourne walishinda, sita kwa tano.

"Sikufanya mimi," Gwilym alimwambia kocha jioni ile.

"Kijana mwerevu," alisema Haskett. "Hivyo hivyo useme ukiulizwa."

"Mwalimu, nakwambia ukweli. Ni Bracken. Baada ya filimbi."

Haskett akamkonyeza.

Alimkonyeza! Na si yeye peke yake. Wiki ile nzima Gwilym alikonyezwa na watu ambao zamani hawakumjua kama ana macho. Mwalimu wa Kigiriki alimkonyeza darasani. Kinyozi alimkonyeza kwenye kioo. Kila alipokana, walizidi kumpenda, wakaona ni mtu anayejua kufanya kazi na kufunga mdomo. Jumapili alipanda treni akaenda Tarrant kumwona Strand. Aliyefungua mlango ni mama yake, mwanamke wa shambani mwenye mikono mikubwa, amekuja kumuuguza.

"Wewe ndiye Prosser?"

"Ndiye mimi, mama. Nimekuja..."

"Umekuja kuona kama umemaliza?" Hakupandisha sauti. "Hujamaliza. Umebaki mguu mmoja. Nikuitie?"

Gwilym alitaka kusema si mimi, mama, lakini pale mlangoni maneno yale yalionekana madogo na ya aibu, kama ya kila mwenye hatia. Mlango ukafungwa. Alirudi kituoni kwa miguu akitukana kwa Kiwelshi, na hakujua anamtukana nani kwanza.

Otto ndiye pekee aliyemwamini.

"Najua si wewe," alisema Otto kupitia pengo lake. "Wewe hata panzi unamruka. Lakini nisikilize, ndugu yangu. Funga mdomo, chukua sweta, nenda Corwin. Strand hapati mguu wake kwa wewe kurudi mgodini."

"Wananisifu kwa uovu, Otto!"

"Mimi hawanisifu kwa chochote. Chukua."

Na akaamua kuchukua. Alijiambia kwamba mkupuo ule alicheza kihalali, kwamba sweta ni ya mkupuo na si ya mguu. Alijiambia hivyo mara nyingi, hasa akiwa ananyoa.

Karamu ya kugawa sweta ilifanyika katika ukumbi wa chuo. Kulikuwa na chaza, bata mzinga, na mchuzi mzito kwenye mabakuli ya fedha. Wenye sweta waliketi meza ndefu. Magunia walifunga aproni na kuwahudumia, maana hiyo pia ilikuwa desturi ya Welbourne. Otto alipita nyuma ya viti na bakuli la mchuzi. Katikati aliketi Mkuu wa Chuo, Daktari Pomeroy, mchungaji mwenye ndevu nyeupe, ambaye aliomba sala ndefu kuhusu unyofu wa vijana na hakuna aliyetapika.

Kisha zikaja sweta. Anayeitwa husimama, huivaa mbele ya watu, halafu husimulia alivyoipata. Jina la Gwilym liliitwa mwisho, kama tunu. Ukumbi ukasimama. Alivaa sweta ile, na ilikuwa nzito na ya joto, na harufu yake ni ya sufu mpya. Mbele yake aliona nyuso zote zimemgeukia, zinang'aa kwa mafuta ya bata mzinga na kwa mapenzi, na nusu yao zilikuwa zinamkonyeza. Hapo ndipo ikamshinda.

"Mnataka nisimulie nilivyoipata," alisema. "Kocha Haskett aliniambia goti la kushoto halijapona. Aliniambia nikitolewa hampotezi kitu."

Haskett aliacha kutafuna.

"Nikamwangusha Strand kihalali. Filimbi ikalia. Halafu nahodha wenu akaja mbio, akamrukia kwa magoti mawili, akamvunja mguu. Si mimi. Mimi nilikuwa nimemshikilia tu, ndio maana hakuweza kukwepa. Hiyo ndiyo hadithi yangu."

Uma mmoja ulianguka. Na huenda mambo yangekwenda njia nyingine kama Bracken hangekuwa mwepesi. Aliinuka, glasi mkononi, uso umejaa tabasamu.

"Mabwana, mnamwona huyu? Hata sifa zake anataka kunigawia mimi!"

Ukumbi ukaangua kicheko. Walipiga meza kwa viganja. Mzee mmoja alilia kwa kucheka. "Mnyenyekevu!" walipaza sauti. "Mnyenyekevu huyo!" Haskett alitikisa kichwa kama baba mwenye fahari. Na Daktari Pomeroy, mtu wa Mungu, alicheka mpaka akajifuta macho kwa kitambaa cha mezani. Alikuwa amesikia kila neno. Wote walisikia. Usije ukafikiri hawakuelewa.

"Mtu amevunjika mguu!" Gwilym alipiga kelele. "Mnacheka nini?"

"Tunacheka sita kwa tano!" alijibu mmoja kutoka mwisho wa meza, na kicheko kikaanza upya.

Gwilym alitafuta neno litakalowaingia na hakuliona, kwa sababu alishawapa neno kubwa kuliko yote na walilila pamoja na chaza. Otto alikuwa amesimama karibu yake, bakuli mikononi, midomo imekaza. Gwilym aliivua sweta kwa kuivuta kupitia kichwani, nywele zikamsimama, akaikunja mara mbili, akaizamisha kwenye mchuzi.

Kicheko kikakatika.

Walisimama mmoja mmoja, na sasa nyuso zao zilikuwa nyekundu. Bracken, ambaye hakubadilika rangi alipotajwa kuwa amemvunja mtu, alibadilika sasa. Mzee aliyekuwa akilia kwa kucheka alishika moyo wake. Huyo Strand na mguu wake, na mama yake na mikono yake mikubwa, havikuwa vimewatia ghadhabu hata kidogo. Sufu kulowa mchuzi ndiko kulikowatia.

"Prosser!" Sauti ya Daktari Pomeroy ilipasuka. "Hiyo ni herufi ya chuo! Umeichafua!"

"Nimeikuta hivyo, Daktari."

"Corwin usahau," alisema Haskett kwa upole uleule. "Usahau kabisa. Nitawaambia mwenyewe."

"Waambie. Ahadi yako ni ileile."

Bracken alitaka kuzunguka meza amfuate. Otto, kwa bahati mbaya kabisa kama alivyoeleza baadaye, alijikwaa na bakuli mbele yake, na mchuzi uliobaki ukamwagikia suruali ya nahodha. Gwilym alichukua kofia yake akatoka.

Nje kulikuwa na theluji nyepesi na yeye alikuwa na shati. Kabla hajafika lango la chuo, wimbo ulishaanza tena ukumbini, sauti zimepatana vizuri. Chuoni hangerudi tena; Jumatatu angeshuka mgodini na baba yake, na kaka zake wangemuuliza elimu ilikuwa na ladha gani, na angewajibu kwa tusi. Aliwachukia wote waliokuwa mle ndani, mmoja mmoja na kwa majina. Lakini kilichomuudhi kuliko Bracken, kuliko kocha na mchungaji wao anayecheka, ni kwamba aliitaka bado sweta ile. Mabega yalikuwa yanaiulizia. Ilikuwa imemkaa vizuri.